Alice Ball na Deni la Shukrani



Wapendwa katika Kristo, Dominika ya mwisho ya mwezi wa Januari huadhimishwa duniani kote kuwa Siku ya Ukoma. Aliyeianzisha mwaka 1954 alikuwa mlei Mkatoliki wa Ufaransa, Raoul Follereau, aliyetumia sehemu kubwa ya maisha yake kuwatetea watu waliokuwa na ugonjwa huo. Siku hiyo inapokaribia, sisi mapadre wengi hatuhangaiki kutafuta mahubiri: tunamfuata Padre Damiano wa Molokai, na kwa haki kabisa. Mwaka huu naomba tubaki katika visiwa vile vile vya Hawaii alikofanyia kazi Damiano, ila tumtazame mtu mwingine. Huyu hakuwa padre wala mtawa. Alikuwa mwalimu wa kemia, binti Mmarekani Mweusi, aliyefariki dunia akiwa na umri wa miaka 24 tu. Jina lake ni Alice Augusta Ball, na sitashangaa mkiniambia kwamba hamjapata kulisikia.

Nianze na hali aliyoikuta. Mwaka 1865 Ufalme wa Hawaii ulitunga sheria ya kuwatenga watu wenye ukoma, na mwezi Januari 1866 kundi la kwanza la wagonjwa likashushwa kwenye rasi ya Kalaupapa, katika kisiwa cha Molokai. Mbele ni bahari, nyuma ni jabali refu lililosimama kama ukuta. Hakuna gereza lililohitaji kujengwa, maumbile yenyewe yalikuwa gereza. Hadi amri ya kuwatenga ilipofutwa mwaka 1969, watu wapatao 8,000 walikuwa wamepelekwa huko. Watoto waliozaliwa pale waliondolewa mikononi mwa mama zao. Damiano, mzaliwa wa Ubelgiji, aliingia humo mwaka 1873, akakaa na watu wale miaka 16, akajenga makanisa na nyumba, akachimba makaburi, akafunga vidonda, mwishowe akaupata ugonjwa wenyewe na kufa tarehe 15 Aprili 1889. Baba Mtakatifu Benedikto wa 16 alimtangaza Mtakatifu mwaka 2009, na miaka mitatu baadaye akamtangaza pia Mama Marianne Cope, mtawa aliyeiendeleza kazi ile.

Damiano aliwapa watu wale kila alichokuwa nacho. Dawa hakuwa nayo.

Si kwamba hapakuwa na kitu cha kujaribu. Kwa karne nyingi waganga wa India na China walikuwa wakikamua mafuta ya mbegu za mti uitwao chaulmugra na kuwatibu wenye ukoma. Madaktari wa Ulaya na Marekani walipoyapokea mafuta hayo katika karne ya 19, waliona kwamba yanasaidia kwa kiasi fulani, lakini namna ya kuyatumia ikawashinda. Yakipakwa juu ya ngozi yananata, na nguvu yake haifiki ndani. Yakinywewa ni machungu na yanachafua tumbo, hata mgonjwa anayatapika kabla hayajafanya kazi. Yakidungwa kwa sindano ni mazito mno. Hayasambai mwilini, yanabaki chini ya ngozi yamejikusanya kama vijipu, na mgonjwa anaongezewa maumivu juu ya maumivu. Kwa hiyo palikuwa na dawa, lakini haikuwa na njia ya kuingia mwilini. Hapo ndipo alipohitajika mkemia.

Alice Ball alizaliwa mjini Seattle tarehe 24 Julai 1892. Babu yake, James Presley Ball, alikuwa miongoni mwa Wamarekani Weusi wa kwanza kujipatia sifa katika kazi ya kupiga picha. Baba yake alikuwa mwanasheria na mhariri wa gazeti. Zamani zile picha ilitengenezwa kwa chumvi za fedha na kemikali nyingine, na napenda kudhani (ni dhana yangu tu) kwamba mtoto aliyekulia katika ukoo wa namna hiyo hakuziogopa chupa za maabara. Alipokuwa bado mdogo, familia ilihamia Honolulu kwa ajili ya afya ya babu. Mzee alifariki mwaka 1904, nao wakarudi Seattle. Alice akamaliza sekondari mwaka 1910, akaingia Chuo Kikuu cha Washington, akatoka na shahada mbili: ya kemia ya dawa mwaka 1912 na ya famasia mwaka 1914. Mwaka huo wa 1914, pamoja na mwalimu wake William Dehn, alichapisha makala katika jarida la Chama cha Wakemia cha Marekani. Kwa mwanamke, tena Mweusi, katika Marekani ya wakati ule, hilo lilikuwa jambo la nadra sana.

Kisha akarudi Hawaii. Katika Chuo cha Hawaii, ambacho baadaye kilikuwa Chuo Kikuu, aliandika tasnifu juu ya viini vilivyomo katika mizizi ya kava, mmea ambao watu wa visiwa vya Pasifiki hutengenezea kinywaji. Mwaka 1915 akapata shahada ya uzamili katika kemia, akiwa mwanamke wa kwanza na mtu Mweusi wa kwanza kuipata katika chuo hicho. Akaanza kufundisha hapo hapo. Alikuwa na miaka 23.

Katika Hospitali ya Kalihi, mjini Honolulu, alikuwapo daktari aitwaye Harry Hollmann aliyewatibu wagonjwa wa ukoma na kuhangaika na mafuta yale mazito. Alimwendea mwalimu huyu kijana, maana aliona kwamba mtu aliyeweza kuichambua mizizi ya kava anaweza pia kuyachambua mafuta ya chaulmugra. Alice akakubali. Alifundisha, na muda uliobaki akautumia kwa kazi hiyo. Alichofanya, nikieleza kwa lugha nyepesi, ni hiki: alizitenga asidi za mafuta zilizomo ndani ya chaulmugra, kisha akaziunganisha na alkoholi, zikageuka kuwa kitu ambacho wakemia hukiita esta. Esta hizo zilibaki na nguvu ya dawa lakini zikaupoteza uzito na unato. Ziliweza kupita katika sindano, na mwili uliweza kuzipokea na kuzisambaza. Mafuta yaliyowasumbua matabibu kwa muda mrefu hivyo, binti huyu aliyafungulia njia katika muda usiozidi mwaka mmoja.

Hakupata nafasi ya kuitangaza kazi yake. Mwaka 1916 aliugua, akarudishwa Seattle, na tarehe 31 Desemba mwaka huo akafariki. Gazeti moja la Honolulu liliandika kwamba alivuta hewa ya sumu ya klorini alipokuwa akifundisha. Cheti chake cha kifo kinataja kifua kikuu. Vyovyote ilivyokuwa, alizikwa kabla hajachapisha hata ukurasa mmoja juu ya kazi hiyo.

Ndugu zangu, ni sehemu inayofuata iliyonifanya niandike. Mkuu wa chuo, Arthur Dean, naye pia mkemia, aliichukua kazi ile maabara, akaiendeleza, akatengeneza dawa kwa wingi na kuchapisha matokeo. Wagonjwa 78 waliruhusiwa kutoka Kalihi kurudi makwao baada ya kudungwa sindano hizo. Fikirini maana ya kurudi nyumbani kwa mtu aliyekwisha kuhesabiwa miongoni mwa wafu. Dawa ikaombwa na nchi nyingine, na duniani ikajulikana kama Mbinu ya Dean. Katika maandishi ya Dean, jina la Alice Ball halikuwamo.

Mtu mmoja alipaza sauti. Mwaka 1922 Daktari Hollmann aliandika katika jarida la kitabibu akaieleza kazi yote, akaiita kwa jina la Ball, na akasema wazi kwamba haoni lolote katika mbinu ya Dean lililoizidi ile ya awali ya Bi. Ball. Nasoma habari hiyo na kumheshimu sana daktari huyu. Hakuwa na faida yoyote ya kupata. Aliyemtetea alikuwa amekwisha kufa miaka sita, na aliyemkosoa alikuwa mkuu wa chuo kikuu. Lakini makala yake ilisomwa na wachache, na dunia ikaendelea kusema Dean.

Sitaki kumhukumu Dean rohoni mwake. Hukumu hiyo ina Mwenyewe. Wala si kweli kwamba hakufanya kazi. Kuitoa dawa kutoka chupa moja ya maabara hadi maelfu ya sindano ni kazi, na kazi ngumu. Ninachokiita dhambi ni kule kunyamaza. Sentensi moja tu ingetosha: kwamba njia hii iligunduliwa na marehemu Bi. Alice Ball, nasi tumeiendeleza. Isingempunguzia Dean hata senti moja ya heshima yake. Tumezoea kuifundisha amri ya saba watoto wa Komunyo ya Kwanza kwa mifano ya kuku na embe za jirani. Mbona hatuwaambii kwamba kazi ya akili na ya mikono ya mwenzako nayo huibwa? Mtume Yakobo anauelezea ujira wa wafanyakazi uliozuiliwa kuwa ni kitu chenye sauti, kinacholia hadi kusikika kwa Mungu. Nami naamini kwamba jina la mtu juu ya kazi yake ni sehemu ya ujira wake. Na kwa maskini na wanyonge, mara nyingine ndiyo sehemu pekee wanayoweza kuipata.

Najua kuna atakayenijibu kwa Injili. Atasema: Padre, je, Bwana hakutufundisha kutenda mema kwa siri, mkono mmoja usijue unalotenda mwingine? Kama huyo binti alitenda mema, Mungu amemwona, yanatosha. Hoja hii nimeisikia mara nyingi, na karibu kila mara nimeisikia kutoka kwa mtu ambaye jina lake limekwisha kutajwa. Nijibu hivi. Neno lile Bwana alimwambia mtoaji. Hakumwambia aliyepokea kwamba anaweza kusahau. Unyenyekevu ni vazi ambalo mtu hulivaa mwenyewe. Ukimvika mwenzako kwa nguvu, hapo umemvua haki yake. Na katika habari ya wale kumi wenye ukoma walioponywa, ambayo Luka pekee anatusimulia, tunamwona Bwana huyo huyo anayependa sadaka za siri akiuliza kwa masikitiko walipo tisa wengine. Mmoja tu alirudi, naye alikuwa Msamaria, mgeni. Kumi wote waliponywa. Shukrani haikuongeza wala haikupunguza uponyaji, hata hivyo Bwana aliitaka, tena itamkwe kwa kinywa. Wazee wetu wa Kiswahili hawakuwa mbali na Injili waliposema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.

Tena tusidhani kwamba majina ya wema hujihifadhi yenyewe. Hata Damiano, muda mfupi baada ya kifo chake, alichafuliwa na mchungaji mmoja wa Honolulu katika barua iliyofika magazetini. Aliyesimama kumtetea kwa barua ya wazi, mwaka 1890, ni mwandishi Robert Louis Stevenson, ambaye hakuwa Mkatoliki na hakuwa na deni lolote kwa Kanisa letu. Damiano alimpata Stevenson. Alice Ball alimpata Hollmann, lakini Hollmann hakuwa na kalamu yenye jina kubwa kama lile, na yeye aliyemtetea alikuwa mwanamke, alikuwa Mweusi, alikuwa kijana, na alikuwa kaburini. Sababu nne za kumsahau, na kila moja peke yake ingetosha kwa wakati ule.

Kabla hatujawanyoshea kidole watu wa Hawaii, niungame la kwangu. Katika parokia moja niliyowahi kutumikia tulijenga kanisa dogo la kigango. Siku ya kulibariki nilisoma mwenyewe orodha ya shukrani: wafadhili, mafundi, mwenyekiti wa kamati ya ujenzi, katibu, mweka hazina, hata mwenye gari lililoleta mabati. Kinamama waliochota maji ya kuchanganyia zege kwa miezi minane, ndoo kichwani, nikawafunga katika maneno matatu: na wengine wote. Baada ya Misa, wakati wa chakula, bibi mmoja alinisogelea, akanipa mkono kwa heshima na kusema taratibu, "Baba Paroko, yule Wengine Wote ndiye mimi." Akacheka, nami nikacheka, ila usiku ule sikulala vizuri. Tangu siku hiyo, karatasi ya shukrani naiandika kuanzia chini kwenda juu, na bado najua nakosea.

Tazameni ripoti zetu za siku ya mavuno. Hesabu zimepangwa na binti wa kidato cha nne, zinasomwa na mwenyekiti. Mafundisho yamefanywa na katekista aliyetembea kwa miguu vijiji vitatu, na pongezi za askofu anazipokea paroko. Wimbo umetungwa na kijana wa kwaya, na kwenye kanda limeandikwa jina la mwalimu. Madogo haya, mtasema. Ndiyo, madogo, Dean naye hakuanza na mataifa, alianza na karatasi moja ambayo juu yake palikuwa na nafasi ya jina.

Ukweli unanidai niseme pia kwamba dawa ya Alice Ball haikumaliza ukoma. Baadhi ya waliotoka hospitali ugonjwa uliwarudia. Lakini kwa karibu miaka 20 na zaidi hapakuwa na tiba iliyoishinda. Kuanzia mwaka 1941, katika hospitali ya Carville, Louisiana, ambako Masista wa Mtakatifu Vinsenti walikuwa wakiwahudumia wagonjwa tangu mwaka 1896, zilianza kutumika dawa za jamii ya sulfoni zilizoleta matokeo bora zaidi. Mwaka 1981 Shirika la Afya Duniani likashauri dawa zitumiwe kwa pamoja, dapsoni, rifampisini na klofazimini, na mchanganyiko huo ndio unaotibu ukoma hata leo.

Alice alirudi kwenye kumbukumbu pole pole sana. Kuanzia miaka ya 1970, Profesa Kathryn Takara na mtafiti Stanley Ali walifukua makabrasha ya zamani ya chuo, na jina likaanza kuonekana. Tarehe 29 Februari 2000, miaka 83 baada ya kifo chake, Chuo Kikuu cha Hawaii kiliweka kibao chenye jina lake chini ya mti wa chaulmugra uliopo chuoni, na siku hiyo ikatangazwa kuwa Siku ya Alice Ball. (Baada ya kungoja muda wote huo, akapewa siku inayokuja mara moja katika miaka minne! Mwaka 2022 gavana wa Hawaii aliitangaza tarehe 28 Februari.) Mwaka 2007 chuo kilimpa nishani yake ya juu. Mwaka 2019 jengo la Chuo cha Afya na Tiba za Nchi za Joto cha London, ambalo kuta zake za nje zina majina ya watu mashuhuri wa tiba, yote ya wanaume, liliongezewa majina ya wanawake watatu: Florence Nightingale, Marie Curie na Alice Ball.

Nasi hapa kwetu ukoma haujatoweka. Kila mwaka wagonjwa wapya hugunduliwa Tanzania. Kwa hiyo mpokee na tangazo hili: mtu mwenye baka kwenye ngozi lililopauka au kuwa jekundu, ambalo akiligusa hasikii kitu, aende zahanati mapema. Dawa hutolewa bure, kwa miezi sita au kumi na miwili kadiri ya hali yake, na akianza kuzitumia haambukizi tena. Hakuna sababu ya kumficha mtu huyo chumbani, wala ya kumtenga na sahani yake.

Katika Misa ya Dominika tutawaombea wagonjwa wote wa ukoma na wanaowahudumia, na tutawaombea marehemu. Daktari Hollmann atatajwa. Arthur Dean naye nimemwandika, maana sala haichagui. Aliyepangwa kusoma maombi ya waamini nimemwita tangu Alhamisi alifanyie mazoezi jina la kwanza katika orodha, kwa kuwa si jepesi kwa ulimi wetu na sitaki likosewe: Alice Augusta Ball.